Kifungu cha Nne Nilikiandika Mimi

Nkoma, Mbale
Alhamisi, mchana

Mwanangu Khainza,

Umetoka sasa hivi kwenda kusukwa. Namjua msusi wako, mikono yake ni mizito na mdomo wake hauna breki, kwa hiyo nina saa tatu au nne za kukaa peke yangu na kalamu hii. Kesho asubuhi unaondoka kwenda Moroto. Mambo ya chandarua, dawa na kuchemsha maji sitakuandikia. Wewe ndiye nesi, mimi ni mpishi wa matanga tu. Na ninaandika Kiswahili kwa kuwa ndicho tulichonong'onezana mimi na wewe tangu ulipokuwa mgongoni. Babu yako, askari wa magereza, alikitoa kambini akakileta nyumbani, na watu wengi hapa mjini wakikisikia bado wanakumbuka mabuti ya wanajeshi, lakini kwetu kilikuwa lugha ya jikoni.

Siku tuliyomzika babu, mwaka jana, uliniuliza swali moja tukiwa njiani kurudi. Uliniuliza, "Mama, nani aliandika kile kitabu?" Nikakujibu, "Wazee." Nilikudanganya, Khainza. Kitabu cha ukoo nilikianzisha mimi. Kifungu kilichokutoa ndani yake nilikitunga mimi, nikakiandika kwa mkono huu huu, nikakisoma mbele ya watu kwa sauti yangu. Juzi, tulipokuwa tunakunja shuka zako, ulisema unaondoka kwa sababu hapa si kwenu, na kwamba hata likizo usisubiriwe. Mimi nilishika pembe zangu mbili za shuka nikaendelea kukunja. Siwezi kukuacha uende ukiwachukia wazee peke yao.

Nianzie Walukuba, kule Jinja, maana tabia iliyoniponza niliipata kule. Babu yako alipostaafu alirudi huku kwao mlimani, mimi na nyanya yako tukabaki Jinja katika chumba kimoja cha nyumba za wafanyakazi, kwa sababu nilikuwa nimepata kazi kiwandani, idara ya nyuzi. Kiwanda kilipopunguza watu, wenzangu walinunua cherehani. Mimi nikanunua sufuria nne kubwa, zile ambazo mtu anaweza kumwogeshea mtoto. Nyanya yako aliniangalia kama mtu aliyepandwa na wazimu. "Utampikia nani?" Nikamwambia, wafiwa. Pale Walukuba kila mtu alikuwa ametoka kwao, huyu Lango, yule Teso, yule Kenya, na msiba ukiwapata hawakuwa na ndugu wa kuwapikia waombolezaji. Nikawa napika mimi. Halafu nikaongeza sahani, nikaongeza viti, nikaongeza hema la kwanza, lililokuwa linavuja upande mmoja, nikawa nawaweka wakwe upande huo.

Sahani zilikuwa zinapotea. Kwenye matanga kila mtu hula na kuondoka, na sahani huondoka naye. Nikanunua rangi nyekundu, nikatia tone moja chini ya kila sahani, kila kikombe, kila mwiko. Nikawa na daftari: nani amechukua nini, kimerudi lini. Hiyo ndiyo kazi niliyoipenda kuliko kupika. Siku moja mama mmoja jirani alinirudishia sahani nzuri ya bati, akasema ni yangu. Nikaigeuza, sikuona rangi. Nikamwambia, "Haina alama, si yangu." Akacheka, akaenda nayo. Baadaye nilikuja kukumbuka kwamba ilikuwa yangu, rangi ilikuwa imekwanguka tu kwa kusuguliwa na jivu. Sikumfuata. Nilijiona mtu wa msimamo, mtu asiyebabaishwa. Nilikuwa na miaka ishirini na saba, na nilikuwa nimeshakuwa mjinga wa aina ile ambayo watu huiheshimu.

Baba yako nilimpata kwenye matanga. Usicheke. Polisi walikuwa wamefiwa na mwenzao kituoni, nikaitwa kupika, na afande Okello alikuja mara mbili kwenye foleni. Mara ya pili nikamwambia kwamba hapa watu wanalia, hawafanyi sherehe. Akanijibu kwa Kiswahili chake cha Lango, "Wewe mama, chakula yako inafanya mtu anasahau kilio." Alikuwa mrefu, ilibidi ainame kuingia hemani, na wewe umechukua urefu ule wote ukaacha tabia yake ya kulala mchana. Ulipozaliwa alikuwa akitoka zamu anakuja na kukulaza kifuani na sare yake ikiwa imefungwa vifungo vyote. Aliniambia, "Nikipata livu tutaenda kwa mzee wako, mambo iwe sawa." Likizo hiyo haikuja. Ulikuja uhamisho. Huko alikohamishiwa aliugua, akafa, na ndugu zake wakaja kumchukua. Mimi niliambiwa wiki tatu baadaye, kwenye kaunta ya kituo, na mwenzake aliyekuwa anatafuta mahali pa kuangalia. "Pole, mama. Walishapeleka yeye kwao. Hakuna mtu alijua kama afande iko na mtoto."

Nikakufunga mgongoni nikaja nawe kwa babu yako. Babu hakuniuliza hata swali moja. Alikupokea, akakugeuza huku na huku kama anayekagua mfungwa mpya, akasema, "Huyu ni Khainza. Hii ni jina ya mama yangu. Sasa wacha nione nani atasema si wetu." Lile neno lilinitosha kwa miaka mingi. Nilifanya kosa la kudhani kwamba jambo likishasemwa na mtu mzito halihitaji tena kulindwa.

Miaka ya Mafubira, tuliporudi Jinja, unaikumbuka mwenyewe, ile stoo ya mahema uliyokuwa unajificha ndani yake usioge. Biashara ilikua. Nyanya yako, aliyekuwa amemfuata babu mlimani, alipofariki, tukahamia huku Mbale ili babu asibaki peke yake, nikanunua nyumba hii, na mahema yangu yakapata kazi ambayo hayakuwahi kuipata Jinja. Msimu wa tohara, kila boma lilitaka viti. Wazee wakaanza kuniona kila mahali: kwenye ngoma, kwenye harusi, kwenye misiba. Na kila mahali nilikuwa na daftari langu.

Wewe hukumbuki jinsi watu walivyozikwa kabla ya kitabu, ulikuwa mdogo. Ilikuwa desturi katika ukoo wetu kwamba kaburi halifukiwi mpaka wajukuu waitwe kwa majina, mmoja mmoja, kila mmoja aje na konzi yake ya udongo. Aliyewaita alikuwa dada yake babu, bibi Nandudu. Hakuwa na karatasi. Alisimama karibu na kaburi, akawatazama watoto usoni, akawa anaita. Aliita wote. Akimwona mtoto wa jirani amesimama na udongo mkononi analia, alimwita naye. Basi siku moja akawasahau watoto wa bwana mmoja waliotoka Kampala, hakuwahi kuwaona, na yule bwana akafanya ugomvi palepale kaburini mpaka akashikwa mikono. Wazee wakakaa kujadili. Mimi nilikuwa nakusanya viti vyangu. Nikasema, bila hata kualikwa, "Kwani kwa nini msiandike?"

Wote wakageuka. Mwenyekiti wa baraza, mzee Woniala, akasema, "Huyu mama anaandika mpaka kijiko. Apewe hiyo kazi." Nikavikwa kilemba cha ukoka, mwanangu, nami nikakivaa mpaka masikioni. Miaka miwili nilizunguka mlima mzima juu ya boda boda na kitabu kikubwa chenye jalada gumu, boma kwa boma. Watu walinipa chai, walinionyesha makaburi, walinitajia majina ya watoto waliokufa kabla ya kutambaa, wakataka nao waandikwe, nami nikawaandika. Sijawahi kuwa na furaha kama ile. Wewe nilikuandika ukurasa wa babu, chini ya jina langu, kwa wino wa bluu. Wakanifanya katibu. Halafu wakanifanya makamu mwenyekiti, mwanamke wa kwanza kukaa mbele kwenye kiti chenye mgongo badala ya mkekani na akina mama. Vijana wa boda pale stendi wakaanza kuniita Chealedi, mama mwenyekiti, nawe ukawa unaniita hivyo ukitaka kunikasirisha.

Nilidhani nikishakaa pale mbele, wanawake wengine watanifuata. Tazama sasa: miaka kumi na tatu imepita, na kwenye ile safu niko mimi peke yangu na wanaume tisa. Nilikuwa mwanamke wa kutosha kwao.

Ulipokuwa darasa la saba, tajiri mmoja alianza kuutaka ule uwanja wa ukoo ulio kando ya barabara kuu, ajenge hoteli. Ghafla kila mtu akakumbuka kwamba ni wa ukoo wetu. Watu ambao hawakuwahi kuleta hata kuni kwenye msiba walifika na babu zao wa kubuni. Baraza likaamua tuwe na katiba, na kifungu cha nne kiseme wazi nani ni wa ukoo na nani si wa ukoo. Kukitunga nilipewa mimi. Kabla sijaanza, mjomba wako Magombe alinijia akiwa amekunja uso, akaniambia kuna mzee amesema kwenye pombe, "Huyu mama alileta kitabu ili aingize mtoto yake ya polisi."

Khainza, maneno yale yalinichoma. Kama ningekuwa na akili ningemfuata yule mzee nikamwambia, ndiyo, nimemwingiza, na ni mjukuu wa fulani, na wewe una lipi? Badala yake nikakaa kwenye meza hii hii ninayoandikia sasa. Nikaandika, "Mwana ukoo ni yule aliyezaliwa na mwanamume wa ukoo huu." Hilo ndilo walilolitaka, na hata hapo pangekuwa na nafasi ya kubishana, maana wengi wangesema mtoto aliyepewa jina na babu ni wetu. Mimi nikaongeza sentensi ya pili. Hakuna aliyeniomba. Hakuna aliyekuwa ameifikiria. Niliandika, "Mtoto wa binti wa ukoo ni wa ukoo wa baba yake, hata kama baba huyo amekufa au hajulikani." Nilitaka waseme, mama huyu hana upendeleo. Nilitaka wakitafuta mahali pa kunishika wasipaone, na mahali pekee pa kunishika palikuwa wewe.

Nilikisoma mwenyewe barazani. Bibi Nandudu alikuwa amekaa mkekani, macho yake yameshaanza kuingia ukungu. Akauliza kwa lugha yetu, Lumasaba, polepole, "Na Khainza?"

Nikamjibu, "Sheria haina mtoto."

Wanaume wakapiga makofi. Mzee Woniala, ambaye alikuwa sajini jeshini na akifurahi au akikasirika huhamia Kiswahili cha kambi, alisimama akanipa mkono. "Sasa wewe ni mwanaume kamili," akaniambia. Na mimi, mwanangu, nilirudi nyumbani siku ile nikiwa na furaha. Nilikununulia viatu vya shule njiani. Sijui kama unavikumbuka, vilikuwa na kamba za zambarau.

Kesho yake nilichukua rula nikavuta mstari juu ya majina. Si lako tu. Kulikuwa na mama mmoja wa upande wa juu, binti wa ukoo kama mimi, aliyezaa na mwanajeshi ambaye hakurudi. Alinijia stoo. Hakupiga kelele. Aliniambia, "Wewe una mahema, mtoto wako ataishi. Wangu ana nini zaidi ya pale kwa baba yangu?" Nikampa chai. Nikamweleza kwamba utaratibu ni utaratibu. Akainywa yote, akaosha kikombe mwenyewe, akaenda. Sikuwa na ujasiri wa kuuliza tangu siku hiyo yule mtoto yuko wapi. Nikikutana na mama yake sokoni, huwa nageukia mafungu ya nyanya.

Lako nililivutia mstari wa penseli. Nilijiambia kwamba penseli inafutika. Katibu aliyenifuata, kijana msafi kama mimi, alikipitia kitabu kizima akaikoleza mistari yote kwa wino.

Nilijitia hamnazo. Nilijiambia Khainza ni Khainza, kila mtu anamjua, babu yake anampenda, karatasi itamfanya nini? Miaka ikapita na kweli karatasi haikukufanya kitu. Ulikuja likizo, ulichuma kahawa ya babu, ulikula kwenye misiba ya watu. Babu alipoanza kuugua uliomba ruhusa kazini ukaja kumlea. Uliosha mgongo wake. Ulimpondea malewa, yale machipukizi ya mianzi, na karanga mpaka yakawa uji, ukamlisha kwa kijiko cha mtoto. Magombe alikuja Jumapili na soda. Mimi nilikuja nilipotoka kwenye vikao.

Halafu tukamzika. Bibi Nandudu naye alikuwa ameshatutoka, kwa hiyo wajukuu waliitwa na katibu kutoka kitabuni. Nilikuwa nimekaa mbele na mshipi wangu wa baraza begani. Ulikuwa umesimama na wenzako, udongo ukiwa tayari mkononi. Akasoma watoto wa Magombe, wote. Akasoma watoto wa binamu zangu, hata yule aliyemwona babu mara moja. Akafunga kitabu. Nilikuona ukisubiri, kama mtu anayedhani msomaji amekwenda kuvuta pumzi tu. Halafu ukaelewa. Ukaufungua mkono, udongo ukaanguka kwenye viatu vyako, ukajipangusa kwenye gauni lako la gomesi. Watu waliangalia pembeni. Mimi nilikuwa hatua nne kutoka pale ulipokuwa. Ningeweza kusimama. Ningeweza kukushika mkono tukaenda wote wawili, nani angetuzuia, kaburini, mbele ya mchungaji? Nilibaki nimekaa. Nikawaza, nitalishughulikia kwa utaratibu.

Hicho ndicho kitu ninachokiona kila nikifumba macho. Kifungu nilikiandika kwa kiburi, na kiburi watu wanakijua, wanakisamehe. Lakini kukaa pale kwenye kiti sijui nikuite nini. Mwili wangu ulikataa kuinuka. Nilikuwa nimekitafuta kile kiti muda mrefu mno.

Sikuandikii ili unisamehe. Ukinisamehe haraka nitajua hukusoma vizuri. Nakuandikia kwa sababu kuna jambo la mwisho nimelifanya, na hili linahitaji jibu lako.

Unajua babu alisema mbele yako na mbele ya Magombe kwamba ule mteremko wa kahawa nyuma ya nyumba ni wako. Mwezi uliopita baraza likaniletea barua. Asiye mwana ukoo hawezi kukaa kwenye ardhi ya ukoo, kwa hiyo mteremko unarudi. Nikaenda. Safari hii sikwenda kwenye kiti, nilisimama. Nikawaomba wakifute kifungu cha nne. Nikasema nilikosea. Nilidhani nikilitamka neno hilo, mimi ambaye sijawahi kulitamka mbele yao, nyumba itatikisika.

Mzee Woniala alikifungua kitabu bila haraka, akaweka kidole kwenye saini yangu. "Hii ni ya nani?"

"Ni yangu, mzee."

"Sisi tuliomba wewe uandike hii ingine ya chini?"

"Hapana."

"Sasa mama, watoto ya wengine walitoka kwa hii maneno yako. Leo mtoto yako inaguswa, tufute? Hao wengine tutaambia nini?"

Watu husema mzee yule ana roho ngumu, lakini alichosema ni haki, na ndiyo sababu kiliniuma hivyo.

Halafu akashusha sauti, na hapo ndipo nilipoogopa, maana nilijua anataka kunisaidia. Akasema, "Sikia. Iko njia. Magombe ni mwanaume ya ukoo. Akubali mtoto ni yake. Tunaandika, tunapiga muhuri, shamba inabaki. Mambo kwisha." Magombe alikuwapo. Aliangalia viatu vyake kidogo, akasema, "Mimi sina shida. Khainza ni mtoto wangu hata sasa." Baadaye mkewe naye alikubali, kwa uso ule wake wa kuuma limau, lakini alikubali. Mimi nikaomba siku za kufikiri. Nilifikiri kuhusu wewe ukiwa mzee, huko Moroto au popote, huna mahali ambapo watu watakuchimbia bila kuulizana wewe ni nani. Nimepikia watu wa namna hiyo, Khainza, kule Walukuba. Najua jinsi wanavyozikwa. Ni mimi na sufuria zangu na askari wawili waliotumwa.

Jumanne nikaenda nikatia saini. Kwenye ukurasa wa Magombe wamekuandika, jina lako lote, binti wa Magombe na mke wake. Ilibidi ukurasa wangu nao urekebishwe ili vitabu vilingane. Pale penye watoto, katibu ameandika: hana. Akanigeuzia kitabu, nikasaini na hapo.

Kilichobaki ni wewe. Wanataka uje siku moja tu, Jumamosi ya mwisho ya mwezi huu, usimame mbele ya baraza. Ni swali na jibu, dakika tano. Watakuuliza baba yako ni nani, na utamwonyesha Magombe. Watakuuliza mimi ni nani wako. Ukifika na kujibu wanavyotaka, mteremko ni wako, kaburi ni lako, na watoto wako ukiwapata wakija kwenye misiba watasimama wakiwa na udongo mkononi na hakuna atakayewaruka, maana nimelazimisha waandike pia kwamba watoto wako watafuata jina la Magombe. Ilikuwa ndiyo karata yangu ya mwisho. Usipofika, watavuta mstari tena, na kahawa itang'olewa.

Siwezi kukuambia uje. Kuja ni kumkana Okello, ambaye hana mtu mwingine duniani wa kusema alikuwapo isipokuwa wewe na huo urefu wako. Kutokuja ni kuwaachia mahali ambapo babu alikupa kwa mdomo wake. Nimeligeuza jambo hili kila upande kwa wiki nzima, na kila upande nimekuta alama za vidole vyangu. Mtu mwingine angemaliza barua kwa kukutia moyo. Mimi sina moyo wa kukutia. Nilitumia maisha yangu kupata neno mbele ya wazee, nikalipata, na angalia nililolisema.

Barua hii nitaiweka juu kabisa kwenye sanduku lako, juu ya sare zako za kazi, uisome ukiwa umeshafika, mlango wako umefungwa na mimi niko mbali. Nimechagua hivyo kwa woga, usidhani ni kwa hekima. Nimekuandalia malewa jioni hii. Tutakula, utanisimulia umbea wote wa msusi, nami nitacheka.

Lakini ukiamua kuja Jumamosi ile, njoo ukiwa umejiandaa. Nitakuwa nimekaa mbele, sitaweza kukusaidia kwa jicho wala kwa kikohozi. Magombe umemwita mjomba miaka yote, kumwita baba hakutakushinda. La pili ndilo gumu, na naomba ulifanyie mazoezi huko peke yako ili sauti isikatike. Watakapokuuliza mimi ni nani, nitazame usoni, useme shangazi. Nami nitaitika.

Kwa leo bado ni mama yako,

Nambozo